Chimbua kwanza: namna ya kuyatambua na kuyadhibiti magugu sugu shambani na machungani

Shamba letu liko Nzega, upande wa kutoka Puge kwenda Ndala. Juu ni mchanga mtupu, udongo tunaouita luseni, na huko tunalima mahindi, mtama, karanga na njugu mawe. Chini ni mbuga nyeusi ya mpunga. Mume wangu ana ng'ombe, na ng'ombe wana ngitili yao, yaani malisho yanayofungwa masika ili yaliwe kiangazi. Kwa hiyo magugu nayakuta kila upande, ya mchangani, ya mbugani na ya machungani, na kila moja lina tabia zake.

Kabla hujanunua dawa na kabla hujaita vibarua wa palizi, chimbua gugu lako utazame chini kuna nini. Hilo nalisimamia kwa nguvu zote. Lipo gugu linaloishi kwa mbegu, lipo linaloishi kwa kiazi, na lipo linalojishika kwenye mzizi wa zao lako likanyonya. Ukiyaendea yote matatu kwa jembe lile lile, la kwanza utaliua, la pili utalizalisha, na la tatu utalikuta limeshamaliza kazi yake.

Kiduha

Hiki, gugu linalonyonya mizizi ya nafaka, ndicho kinachotuumiza kuliko vyote, kwa hiyo nitakaa nacho kwa muda.

Kila masika, mahindi yakishafika magotini, utawasikia watu wakipita kando ya shamba la mchangani wakisema yamekosa mvua. Majani yamekunjamana mchana kweupe ilhali ukishika udongo una unyevu. Yana michirizi ya njano na weupe, ncha zimeungua, shina halinenepi. Wengine husema ardhi imechoka. Wengine husema shamba limerogwa, na nimeona majirani wa miaka mingi wakinuniana kwa jambo hili. Inaniuma sana, kwa sababu adui wao wote wawili yuko pale pale chini ya miguu yao.

Ukiona dalili hizo usisubiri maua. Chagua shina moja la mahindi lililodumaa, ulichimbue kwa upana pamoja na bonge lake la udongo. Usiling'oe kwa kuvuta, maana mizizi midogo itakatika na ushahidi utabaki ardhini. Tumbukiza bonge zima kwenye ndoo ya maji, uliache lilowe mpaka udongo uachie wenyewe, kisha ulitikise taratibu na uipeleke mizizi kwenye mwanga. Utaona vichipukizi vyeupe, laini, vina vigamba vidogo mahali ambapo majani yangekuwa, vimenata kwenye mizizi ya mahindi kwa vinundu vidogo. Jaribu kukivuta kimoja. Kitakuja na kipande cha mzizi wa mahindi, kwa sababu kimeingia ndani yake. Hicho ndicho kiduha kabla hakijaona jua.

Kikichomoza, kinachojaa kwetu mchangani ni kile kifupi, cha shibiri moja hadi mbili hivi. Majani yake ni membamba na yanakwaruza ukiyapitisha kati ya vidole. Ua ni dogo, jekundu la kung'aa, mara chache njano. Wataalamu hukiita Striga asiatica. Kipo na kirefu, kinafika goti na kupita, chenye maua ya waridi yanayoelekea zambarau, nacho ni Striga hermonthica. Ndugu zetu wa Shinyanga na Mwanza wanakijua vizuri zaidi. Dawa yao ni moja, kwa hiyo sitawatenganisha.

Ukikielewa kiduha kinavyoishi utajua la kufanya hata bila mimi. Mbegu zake ni ndogo kama ugoro. Mmea mmoja hutoa makumi ya maelfu, na kile kirefu kinaweza kupita laki moja. Zikishaanguka zinaweza kukaa ardhini zaidi ya miaka 10 zikiwa hai. Haziamki ovyo. Kwanza mvua izilowanishe wiki moja au mbili, kisha zisubiri kemikali inayotoka kwenye mizizi ya mahindi, mtama, uwele, ulezi, mpunga wa nchi kavu au muwa. Zikiipata zinaota, zinaufuata mzizi, zinautoboa na kuanza kunyonya maji na chakula. Kiduha hukaa chini mwezi mzima na zaidi kabla hakijachomoza, na madhara makubwa hufanyika katika muda huo.

Kwa hiyo kung'oa kiduha hakuyaponyi mahindi ya mwaka huu. Unang'oa kwa ajili ya mahindi ya mwakani na ya miaka mingine inayokuja. Mkulima asiyelijua hili anang'oa mara moja, anaona mahindi yake hayajabadilika, anakata tamaa na kuacha. Kiduha kinatoa maua, kinamwaga mbegu, na deni linaongezeka.

Huko Marekani kiliingia kwenye mahindi ya majimbo ya Carolina Kaskazini na Carolina Kusini, kikagunduliwa mwaka 1956. Serikali iliyawekea mashamba karantini, ikawa inaingiza gesi ya ethilini ardhini ili mbegu zidanganyike, ziote pasipo mzizi wa kushika, zife. Kazi hiyo imewachukua miongo. Sisi hatuna gesi hiyo, lakini tuna karanga.

Mizizi ya karanga, kunde, soya, pamba na alizeti huziamsha mbegu za kiduha vile vile, ila kiduha hakiwezi kujishika kwenye mizizi hiyo. Mbegu ikishaota haina akiba ya kuishi, inakufa baada ya siku chache. Kila msimu wa karanga ni mbegu zilizopungua ardhini bila wewe kutoa senti ya dawa. Muhogo na viazi vitamu navyo havishambuliwi, kwa hiyo shamba lenye kiduha linaweza kukulisha bila kukilisha chenyewe.

Pale palipoathirika vibaya sisi hufanya hivi: msimu wa kwanza karanga tupu, wa pili pamba au alizeti, wa tatu mtama uliochanganywa na kunde. Mahindi hurudi mwisho kabisa. Kwa mtama tafuta mbegu za Hakika na Wahi. Zilitolewa hapa nchini mwaka 2002 kwa ajili ya maeneo ya kiduha, nazo huvumilia pale ambapo mtama mwingine unanyong'onyea. Unapochanganya, weka kunde au karanga karibu na mashina, kwenye tuta lile lile. Ukiziweka mbali mizizi haikutani, nazo mbegu za kiduha zilizo karibu na mtama zitabaki zikimsubiri mtama tu.

Najua utakaloniambia, maana naambiwa kila mwaka: nyumba inakula ugali, tutakaaje misimu mitatu bila mahindi? Hamisha mahindi, usiyafute. Yapeleke karibu na boma, kwenye samadi, ekari moja inayotunzwa, na karanga zichukue ule upande mgonjwa. Ekari ya mahindi yaliyoliwa na kiduha haijazi hata magunia ya kukutoa njaa, wakati karanga zake ungeziuza ukanunua mahindi na ukabakiwa na mbegu. Nasema hivi kwa sababu nimeona akina mama wakipalilia mahindi ya kiduha mara tatu kwa msimu, jua linawaka, mtoto mgongoni, na mavuno yakaja debe. Nguvu ile ingekwenda kwenye karanga.

Kiduha kinapenda ardhi yenye njaa. Ardhi ikipata naitrojeni, mizizi ya mahindi hupunguza ile kemikali inayoamsha mbegu, na mahindi yenyewe yanapata nguvu ya kushindana. Samadi iliyooza sawasawa ndiyo ya kwanza, kisha mbolea ya kukuzia, Urea au CAN, usiicheleweshe. Matuta yetu ya kuzikia majani chini nayo ni elimu ya wazee isiyopaswa kuachwa: unapogeuza tuta, majani ya mwaka jana yanaingia katikati, yanaoza, yanakuwa chakula. Kituo cha utafiti cha Tumbi, pale nje ya mji wa Tabora, kimefanya kazi miaka mingi na miti ya kurutubisha ardhi kama gliricidia. Mwenye nafasi ya kuacha kipande kipumzike apande miti hiyo badala ya kukiacha kitupu.

Sasa kung'oa kwenyewe. Anza vinapochomoza, urudi kila wiki moja au mbili, kwa sababu havichomozi siku moja vyote. Asubuhi baada ya mvua ndiyo nzuri, vinatoka kwa urahisi. Ukivikuta havijatoa ua, unaweza kuviacha vikauke juani. Vikishatoa ua usiviache katikati ya mistari hata kama vimenyauka, maana mbegu zinaendelea kukomaa kwenye shina lililong'olewa. Vitie kwenye kiroba kisichotoboka, vipeleke kwenye shimo, vichome. Ukiona vifuko vya mbegu vilivyokauka rangi ya kahawia kwenye shina, hapo mbegu zimekwisha kuwa tayari. Usitikise. Kata taratibu kiroba kikiwa chini yake.

Wengi huishia siku ya kuvuna. Mahindi yakishaingia nyumbani, shamba linasahauliwa, na huko nyuma kiduha kinaendelea kuchanua kwenye mashina yaliyobaki maadamu ardhi ina unyevu. Ukimaliza kuvuna, pita tena. Ng'oa mashina pamoja na mizizi yake, ng'oa na kiduha kilichopo. Ng'ombe wasiingie kula mabua kabla ya kazi hiyo, kwa sababu watakila kiduha na mbegu zake, na kesho mbegu ziko kwenye samadi yako, keshokutwa ziko kwenye shamba safi la karibu na boma. Samadi ya ng'ombe waliochunga kwenye kiduha ilundike, iloweshe, igeuze, iache iive vizuri ndipo uipeleke shambani.

Kiduha husafiri pia ndani ya mbegu zetu wenyewe. Usichague mbegu ya mtama au mahindi kutoka shamba lenye kiduha hata kama suke ni zuri. Usipige mtama chini kwenye udongo wa shamba, tandika turubai. Ukikodi plau na ng'ombe wa kulimia, waanze shamba safi wamalizie shamba gonjwa, na plau isuguliwe udongo wote utoke. Kijana wa plau atanung'unika. Mpe maji na brashi, simama naye mpaka amalize.

Kwa wenye mifugo ipo njia nyingine: panda mtama kwa kubananisha sehemu iliyojaa kiduha, uache uamshe mbegu, halafu uukate wote na kuufukia au kuukausha uwe chakula cha ng'ombe kabla kiduha hakijatoa ua. Hapo nakusihi uwe mwangalifu. Mtama mchanga, hasa ulio chini ya goti au ulionyauka kwa ukame na kuchipua upya, una sumu ya sianidi inayoweza kumwangusha ng'ombe kwa muda mfupi. Usiwafungulie wakaula mbichi. Ukate, uukaushe kabisa, ndipo uwape.

Kuhusu desimodiamu, ile jamii ya mikunde inayopandwa katikati ya mistari ya mahindi, iliyoenezwa na watafiti wa ICIPE, kituo cha kimataifa cha utafiti wa wadudu, walioko Mbita nchini Kenya: inafanya kazi kweli. Mizizi yake huamsha mbegu za kiduha na kuzizuia zisijishike, na ng'ombe wanaipenda. Lakini ni mmea wa kudumu, na huku kwetu baada ya mavuno mashamba huachiwa mifugo ya kila mtu. Bila uzio italiwa mpaka kwenye mzizi. Mimi naiona inafaa kwa ekari ya karibu na boma yenye wigo wa miiba, na ukiipata chukua ile inayovumilia ukame. Kwa shamba la mbali bado nasimama na karanga.

Dawa ya 2,4-D huua magugu ya majani mapana ikaacha mahindi na mtama, na kiduha kilichochomoza kinakufa nayo. Ukiiwahisha kabla ya ua unazuia mbegu. Ila usiipulize ukiwa umechanganya kunde au karanga, utaziua. Usiipulize siku ya upepo ikiwa jirani ana pamba au tumbaku. Majani yake yatajikunja kwa tone tu lililopeperushwa, nanyi mtafikishana kwa mtendaji. Na bomba lililobeba 2,4-D lisitumike kwenye pamba. Kuosha hakutoshi, litengee kazi yake.

Kile cha njano kwenye kunde na njugu mawe

Ukikuta kitu kinachofanana na kiduha kwenye kunde, karanga au njugu mawe, chenye maua ya njano yenye mistari myembamba, hicho ni kingine, Alectra vogelii. Kichimbue. Sehemu yake ya chini ya ardhi ni ya rangi ya chungwa iliyoiva, huwezi kuisahau ukishaiona mara moja. Hiki hushika jamii ya kunde, na mahindi hakiyawezi, kwa hiyo mzunguko unageuka: pale kilipo, panda nafaka. Usiseme karanga zimeshindwa kuua kiduha kabla hujatazama chini ni kipi ulichonacho.

Ndago

Chimbua ndago moja kwa subira, ukifuata chini kwa kijiti. Utafika kwenye kiazi kidogo cheusi. Kutoka hapo unatoka uzi mwembamba mgumu mpaka kiazi kingine, na kingine tena. Ukipita juu kwa jembe unakata nyuzi, na kila kiazi kilichokuwa kimelala kinaamka kuwa mmea wake. Ndiyo sababu shamba la ndago lililopaliliwa Jumatatu linakuwa la kijani Jumamosi, na mwenye shamba anadhani kibarua hakufanya kazi.

Viazi vingi viko karibu na uso wa ardhi, na viazi vya ndago vinaogopa kukauka. Baada ya kuvuna, mchanga ukiwa bado unalimika, pitisha plau uvigeuze juu. Jua la kiangazi la kwetu halina mawingu, tulitumie. Rudia tena baada ya wiki chache ili vilivyobaki chini navyo vije juu. Vinavyookotwa viokotwe, vichomwe, visitupwe kwenye lundo la mbolea kwa sababu huko vitaishi.

Pili, ndago haipendi kivuli. Panda kitu kinachofunika ardhi haraka: viazi vitamu, kunde zinazotambaa, maboga. Kivuli kikishafunga, majani yake yanadhoofika na viazi vipya havitengenezwi. Vitunguu na mpunga mfupi ndiyo mazao ya kuepuka pale, yataonewa.

Mwenye uwezo wa dawa atumie glaifoseti kabla ya kupanda. Aache ndago ziote, zisimame zikiwa na majani mengi mabichi lakini hazijatoa ua, ndipo apulize, na asilime wala kupalilia kwa wiki mbili ili dawa ishuke mpaka kwenye viazi. Ukipuliza halafu ukalima kesho yake umemwaga fedha. Glaifoseti haichagui, itaua na zao lako ikiligusa. Na usitegemee msimu mmoja.

Mpunga mwitu wa mbugani nao ni wa mtindo huu, maana una mashina yanayotambaa chini ya udongo. Ukiwa mchanga unafanana na mpunga wako, ila ng'oa mmoja utauona umeshikana na mwenzake kwa shina la chini, kitu ambacho mpunga wako hauna. Limeni mbuga ikiwa kavu, mashina yakatwe yakauke, na pandeni kwa mistari ili kilichoota nje ya mstari kionekane na king'olewe.

Dawa, kwa ufupi

Nunua kwenye duka la pembejeo lenye kibali, kopo likiwa na lakiri na lebo ya Kiswahili inayosomeka. Usinunue dawa iliyomiminwa kwenye chupa ya soda, hata kwa bei ya rafiki. Mwenye mamlaka ya kusajili viuatilifu ni TPHPA, yaani Mamlaka ya Afya ya Mimea na Viuatilifu Tanzania, na dawa iliyosajiliwa ina namba yake kwenye lebo. Vaa buti, suruali ndefu, glovu na kizuia pua. Usipulize mvua ikiwa imeshika. Makopo matupu yatobolewe. Tafadhali, akina mama wenzangu, kopo la dawa lisiwe la kuchotea maji hata likinukia sabuni.

Machungani

Magugu ya machungani hufuata nafasi. Pale nyasi zilipoliwa mpaka udongo ukaonekana, ndipo ndulele, mbigiri na vichaka vinapoingia. Kwa hiyo kazi ya kwanza ni ngitili yenyewe: ifungwe mvua zinapoanza, nyasi zikue zitoe mbegu zidondoke, ndipo ifunguliwe kiangazi, na ng'ombe watolewe kabla hawajafika kwenye mizizi. Ngitili inayoheshimiwa haina ndulele nyingi. Ile iliyofunguliwa mapema kwa sababu mtu mmoja amepata shida utaijua kwa matunda ya njano.

Ndulele ni kichaka kifupi chenye miiba, majani ya kijivu kwa chini, maua ya zambarau na matunda ya mviringo yanayogeuka njano. Ng'ombe hailambi, basi inabaki peke yake ikishinda nyasi zilizoliwa. Ukiifyeka inachipua matawi mengi zaidi. Tumia sururu masika, ardhi ikiwa laini, uufuate mzizi chini kadiri unavyoweza, na ufanye hivyo matunda yakiwa bado ya kijani. Matunda yana sumu, watoto wa kuchunga waambiwe wasiyachezee mdomoni. Shimo ulilobaki nalo litie samadi kidogo na mbegu za nyasi za ngitili ile ile. Ukiliacha wazi litajaa ndulele nyingine.

Lantana watu waliipanda kuwa ua la uzio, ikatoka uani ikaenda porini kwa midomo ya ndege. Shina lake lina pembe nne na vijimiba, majani yanakwaruza na yana harufu kali ukiyafikicha, maua yanakaa kwenye vishada vyenye rangi mbili tatu kwa pamoja, njano, waridi na chungwa, na matunda madogo yakiiva yanakuwa meusi. Ng'ombe mwenyeji kwa kawaida huipita. Aliye hatarini ni yule mgeni aliyeletwa kutoka mnadani akiwa na njaa. Sumu yake inapiga ini. Utaona hali chakula, choo kigumu, macho na ufizi vimekuwa njano, anakimbilia kivuli, na ngozi isiyo na rangi, ya puani na kwenye chuchu, inapasuka na kuchubuka juani. Mwingize kivulini, mpe maji, mwite daktari wa mifugo bila kungoja kesho.

Kwa sababu hiyo ng'ombe wapya tunawaweka bomani siku kadhaa, wale nyasi kavu na pumba, washibe, na kinyesi chenye mbegu za huko walikotoka kibaki mahali pamoja ambapo tunaweza kukichunguza mvua zikianza.

Lantana yenyewe uifyeke, kisha uchimbe kisiki pamoja na shingo ya mizizi, maana inachipua kutoka hapo. Matawi yakikauka yachomwe pale pale, kwa ruhusa ya serikali ya kijiji na siku isiyo na upepo. Moto peke yake hauiui, na moto wa mwisho wa kiangazi unaua nyasi zako kwanza. Rudi masika mawili yanayofuata ung'oe miche kwa mkono.

La kulinda mlangoni: gugu karoti

Hili limeshakuwa tatizo Arusha na Kilimanjaro, nasi Nzega tuko njia panda ya malori yanayotoka Singida kwenda Shinyanga, Mwanza na Kahama. Tazama kando ya barabara, maegesho ya malori, mnadani na penye mifereji. Likiwa changa linakaa chini limetandaza majani yaliyokatikakatika kama ya karoti. Baadaye linasimama, shina lina mifereji ya urefu na manyoya laini, juu linatoa vijiua vyeupe vidogo vingi sana. Mmea mmoja hutoa maelfu ya mbegu, nazo husafiri kwenye matairi, kwato, mchanga wa ujenzi na magunia. Huzuia mimea mingine kuota karibu yake, huwasha ngozi na kubana kifua, na ng'ombe akilila maziwa yanakuwa machungu.

Ukilikuta, usilishike kwa mikono mitupu. Vaa glovu na ujifunge kitambaa puani. Ling'oe na mzizi likiwa halijatoa ua, udongo ukiwa na unyevu. Likishakuwa na maua, livike mfuko kwanza ndipo uling'oe, ulichome pale pale bila kulibeba kwenye baiskeli kupita nalo kijijini. Mwambie afisa kilimo wa kata siku hiyo hiyo na umwonyeshe mahali lilipokuwa, kwa sababu mbegu zilizokwisha kudondoka zitaota mvua inayofuata, na lazima awepo mtu anayejua pa kurudi.